Waloki Akivunja Mkataba: Mwongozo kwa Mwendesha Mchezo

Naendesha Dungeons & Dragons, mchezo wa mezani wa hadithi na dadu ambamo kila mchezaji anaigiza mhusika wake, nami nasimulia yaliyobaki. Mara ya kwanza mchezaji wangu alipovunja mkataba wa mhusika wake, niliharibu kikao kizima kwa sentensi moja. Mhusika alikuwa waloki wa levo 5, yule mchawi anayepata nguvu kwa kupatana na kiumbe mkubwa kuliko yeye. Mfadhili wake alimwamuru amuue mzee mmoja, mlinzi wa daraja. Akakataa. Nami, nikijiona hakimu, nikatangaza: "Nguvu zako zimekatika." Tulikuwa katikati ya vita. Kwa saa mbili na nusu zilizobaki yule bwana alifyatua mishale tu, dadu ya pande 8 kila zamu, nyingi zikipotea hewani. Baadaye akatoa simu. Wiki iliyofuata aliniambia ana harusi. Wiki ya pili yake, harusi tena.

Hapo ndipo nilipojiwekea kanuni ninayoifuata mpaka leo: adhabu impate mhusika, isimpate mchezaji. Hatua zilizo hapa chini zote zimetoka kwenye kanuni hiyo. Nimeziandika kwa wanaoendesha Dungeons & Dragons toleo la 5, iwe kwa kanuni za 2014 au zile zilizorekebishwa mwaka 2024, kwa sababu ndizo ninazochezesha. Anayetumia kanuni nyingine atabadilisha namba tu.

Hatua ya 1: Jua kitabu kinakuachia wapi

Wengi huamini kanuni zinasema waloki akimkosea mfadhili wake hunyang'anywa nguvu. Kitabu cha wachezaji cha 2014 hakisemi hivyo. Nadhani dhana hii imetoka kwa paladini, yule askari mtakatifu aliyefungwa na kiapo. Katika matoleo ya zamani, paladini aliyetenda uovu alivuliwa upaladini wake palepale. Hata mwaka 2014 kitabu kilimwekea maelezo yake ya pembeni kuhusu kuvunja kiapo, na kitabu cha mwendesha mchezo kikaongeza njia nzima ya paladini aliyeasi. Waloki hakupewa kitu kama hicho. Badala yake, kitabu kinaufananisha uhusiano wake na mfadhili, mara nyingi, na ule wa fundi na mwanagenzi.

Sasa fikiria fundi cherehani. Akimfukuza mwanagenzi wake kwa utovu wa nidhamu, je, kijana anasahau kushona?

Kwa hiyo swali la kujibu, na ulijibu kabla kampeni, yaani hadithi nzima ya vikao vingi, haijaanza, ni hili: nguvu za waloki wako ni elimu, ni mkopo, au ni maji ya bomba? Zikiwa elimu, akivunja mkataba anabaki na alichojifunza ila mwalimu hamfundishi zaidi. Levo zinazofuata atazitafuta kwingine. Zikiwa mkopo, anabaki nazo na deni linaanza kuzaa. Zikiwa maji ya bomba, kuna mtu ameshika koki. Mimi nachagua mkopo karibu kila mara. Bomba ndilo lililonipotezea mchezaji, na sijawahi kuona meza ambapo koki ilifungwa kikao kikapendeza.

Kama huna kitabu, pakua hati ya kanuni za 5.1 iliyotolewa bure Januari 2023 kwa leseni ya Creative Commons. Waloki yumo, ingawa mfadhili aliyeandikwa humo ni mmoja tu, yule wa kuzimu. Anatosha kabisa kuanzia.

Hatua ya 2: Andika masharti, kwa maneno, kwenye karatasi

Huwezi kuadhibu uvunjaji wa kitu kisichoandikwa. Meza nyingi zina waloki mwenye "mkataba na ibilisi" na hakuna anayejua mkataba wenyewe unasema nini. Siku mwendesha mchezo anapotaka drama anabuni sharti papo hapo, mchezaji anaona ameonewa, na kweli ameonewa.

Katika hili sisi tumebahatika kuliko wenzetu wengi, kwa sababu tumekua na hadithi za masharti. Mganga anakupa dawa ya biashara, anakwambia usigeuke nyuma mpaka ufike kwako. Au usile chakula kilicholala. Au usimwambie mkeo. Ukizichunguza hadithi zile utagundua sharti huwa dogo, huwa la kila siku, na huwa linawasha mahali panapokunika. Hakuna anayeambiwa "usiiangushe dola ya mashariki", maana hiyo unaweza kuitii maisha yako yote bila hata kukumbuka kwamba umekatazwa. Usigeuke nyuma, lakini, na nyuma yako mtu anakuita kwa sauti ya mama yako!

Basi andika mistari minne: anapewa nini, anadaiwa nini, anakatazwa nini, na akishindwa inakuwaje. Usizidishe. Huu hapa ni mkataba wa waloki aliyeko kwenye kampeni yetu ya sasa, kama tulivyouandika mimi na mchezaji wake:

"Mimi, Tumu binti Hadhari, nimepokea moto. Kila mwezi, kabla haujaandama mwingine, Mwenye Muhuri atapata kupitia kwangu jina moja la mtu aliyekufa na deni. Sitamwambia mtu ni nani aliyenipa moto. Nikishindwa, kilicho changu cha kwanza ni chake."

Tazama mstari wa mwisho. Kilicho changu cha kwanza ni kipi? Mtoto wa kwanza? Kisu cha kwanza alichonunua? Mimi mwenyewe sikujua tulipoandika, na nilimwambia hivyo. Acha tundu moja la makusudi katika kila mkataba. Litakufaa wewe leo, na litamfaa mchezaji siku nyingine, kama utakavyoona.

Hatua ya 3: Mjue anayedai

Adhabu ifanane na tabia ya mfadhili. Hili ndilo linalotofautisha kisasi chenye utamu na faini ya trafiki.

Mfadhili wa kuzimu, hasa ibilisi wa Jehanamu Tisa, ni mtu wa sheria. Hakasiriki. Anatuma barua, kisha karani, kisha mdai, na kila anayekuja ana mhuri na anajua kifungu. Mtishe mchezaji kwa ustaarabu wake. Ukimfanya apige kelele umembadilisha kuwa pepo wa vurugu, na hao ni ukoo mwingine wanaochukiana nao.

Mfalme wa viumbe wa msituni, wa kwanza kuorodheshwa katika kitabu cha 2014, hajali kifungu. Anajali adabu. Umemnyima salamu, umekula kwa adui yake, umeiuza zawadi yake. Adhabu yake ni ya fedheha: kila chakula kinakuwa na ladha ya majani, kila mlango unafunguka kwa mgongo. Na huwezi kumlipa kwa dhahabu. Umletee wimbo, au umwombe radhi mbele ya wageni.

Wa tatu, yule wa kale asiye na sura, ndiye mgumu kuliko wote, kwa kuwa kitabu chenyewe kinasema huenda hajui hata kama upo. Utamvunjiaje mkataba mtu asiyekujua? Hapa sipeleki mdai yeyote. Ndoto zinakoma, basi. Waloki aliyekuwa akisikia bahari usingizini kila usiku sasa hasikii kitu, na baada ya siku kumi anaanza kuutamani ule mnong'ono. Niliwahi kuona mchezaji akirudi kuomba msamaha bila mtu kumdai.

Halafu kuna jini, aliyeongezwa mwaka 2020. Aina zake ni nne, na matatu kati ya majina yake, djinni, efreeti na marid, yametoka Kiarabu kilekile kilichotupa jini na afriti, kwa hiyo mezani kwetu hakuhitaji kutambulishwa. Waloki wake hubeba chombo, taa au chupa, na anaweza kuingia ndani kupumzika. Akivunja mkataba, usimguse nguvu zake. Aingie chupani usiku akute mito imetolewa, zulia limekunjwa, na kitanda kimewekwa nje kama cha mpangaji aliyechelewesha kodi. Kila usiku kinatoweka kitu kimoja zaidi. Wachezaji wangu walicheka sana usiku wa kwanza. Usiku wa nne hawakucheka.

Wa mbinguni nampitia haraka: huyo anahuzunika, na humtuma mtu mwema kuja kukuuliza umepatwa na nini. Inauma kuliko unavyodhani.

Hatua ya 4: Mweke mchezaji pembeni mkaongee

Fanya hivi nje ya kikao, kwa ujumbe wa simu au mkiwa mnaosha vikombe. Maswali ni mawili. La kwanza: ulijua unavunja? Mara nyingi hakujua, alisahau tu, na katika hali hiyo mfadhili atume onyo badala ya adhabu. La pili: unataka hadithi hii? Kuna anayevunja mkataba akisubiri kwa hamu kuona moto utakaomwakia, na kuna aliyechagua waloki kwa sababu ya ule mwale wake wa uchawi unaoumiza kwa dadu ya pande 10 na hana haja na masuala ya ibilisi. Wa pili mwachie. Deni lake liwe barua moja na malipo ya mara moja, mwendelee na safari.

Kwetu kuna swali la tatu ambalo vitabu havikuandika. Watu wengi tunaocheza nao wamelelewa katika nyumba ambazo majini na mapatano ya kuzimu ni mambo ya kweli, wala hayataniwi. Mchezaji wangu mmoja alisema wazi, kwa upole, kwamba kwao jina la ibilisi halitamkwi usiku, na sisi tunacheza usiku. Hakuna aliyebishana naye. Ndiyo maana mfadhili wa Tumu anaitwa Mwenye Muhuri. Jina hilo, kusema kweli, linatisha kuliko lile la kitabuni.

Hatua ya 5: Pima uzito kabla hujarusha dadu

Kanuni zina uchawi wa daraja la 5 uitwao Geas, unaomfunga kiumbe kwa amri kwa siku 30. Waendesha mchezo wengi wanaukimbilia, maana unafanana sana na mkataba: ukienda kinyume na amri, unaumia dadu 5 za pande 10, si zaidi ya mara moja kwa siku. Fanya hesabu kwanza. Wastani wa dadu hizo ni 27 na nusu. Waloki wa levo 5 mwenye Constitution (ustahimilivu wa mwili) 14 ana pointi 38 za uhai akiwa mzima kabisa, na dadu zikikubali zinafika 50. Yaani umemuua kwa kuchelewa kulipa. Kwa wahusika wa levo za juu ni sawa, na pia una uzuri wake kwamba unaondoka kwa uchawi wa kuondoa laana, hivyo wenzake wana la kufanya. Kwa levo za chini uache.

Ninachotumia mimi ni ngazi tatu. Kwanza ishara isiyo na namba: muhuri unawasha mkononi, moto wa mshumaa unainama upande usio na upepo. Kisha riba, yaani usumbufu mdogo wa kikanuni unaogusa jambo moja tu. Mfano, waloki hurudishiwa nafasi zake za uchawi, yaani mara anazoweza kuutumia, kila pumziko fupi la saa 1; wakati wa riba, nafasi moja hairudi mpaka alale usiku kucha. Ni hasara anayoihisi kila siku, na bado anacheza. Mwisho, ukusanyaji: mfadhili anachukua kile kilichoandikwa kwenye mkataba, hicho hicho, bila kuongeza.

Na kila kinachochukuliwa kiache mlango upande wa pili. Hapa nitaeleza kwa mfano.

Hatua ya 6: Usiku wa kukusanya

Tumu alikataa kutoa jina. Mtu wa pekee aliyekuwa amekufa na deni mwezi ule alikuwa baba wa mwenyeji wao, na alishakula chakula katika nyumba ile. Usiku wa tarehe 29 nikazima taa kubwa ya sebuleni nikaacha ya mezani. Nikasema mvua inapiga bati, mawingu yamefunga mji wote, na kwenye dirisha ametua kunguru aliyelowa. Imp, kile kishetani kidogo cha kuzimu, anaweza kujigeuza kunguru, na kunguru wa pwani yetu tayari ana sura ya mtu anayekudai.

"Jina la mwezi huu," akasema kunguru, karani wa Mwenye Muhuri.

"Sikupi."

"Basi nachukua cha kwanza."

"Cha kwanza kipi?"

"Ulipozaliwa ulipewa nini kabla ya nguo?"

Nikamsogezea mchezaji ufutio, nikamwomba afute mwenyewe jina juu ya karatasi ya mhusika wake. Alifuta taratibu. Nikamgeukia anayecheza kuhani nikamwambia, "Mwite rafiki yako." Akafungua mdomo, nikamzuia kwa kidole. Tangu usiku ule, atakayetamka jina lile mezani anatia shilingi mia kwenye kopo la soda. Kopo limejaa mara mbili.

Upande wa kanuni niliandika mistari miwili. Mbele ya karani, askari wa lango au yeyote anayeandika majina, dadu ya pande 20 inarushwa mara mbili, na anachukua ndogo. Lakini anayemfuatilia au kumpeleleza naye anarusha mara mbili na kuchukua ndogo, kwa maana utamtafutaje mtu asiye na jina? Moto wake sikuugusa. Mwale wake sikuugusa. Alipoteza kitu kikubwa kuliko vyote, na kikao kilichofuata alikuja nusu saa kabla ya wenzake.

Angalia pia wenzake wasigeuke watazamaji. Kikao kimoja cha mkataba kinatosha, baada ya hapo kunguru awatembelee na wengine. Alimwuliza kuhani anauza jina la nani. Alimpa mwizi wetu bei nzuri.

Hatua ya 7: Acha njia za kutokea, kisha mwache achague asiyoijua

Andaa njia zisizopungua tatu na uziweke duniani bila kuzitangaza. Kulipa ni ya kwanza, na bei ijulikane. Ya pili ni kuhamia kwa mfadhili mwingine anayekubali kulinunua deni. Hapo unabadilisha tu njia ya waloki, yaani tawi linalotokana na mfadhili wake, na kuziacha levo zake zilivyo. Anayetumia kanuni za 2024 ana urahisi zaidi, kwa kuwa njia ya mfadhili huchaguliwa levo 3, hivyo levo mbili za mwanzo zinaweza kuchezwa kabla mkopeshaji hajajitokeza. Ya tatu ni kuacha uwaloki kabisa, mkakaa wawili mkaziandika upya levo zake katika fani nyingine, kwa mfano mchawi ambaye nguvu zake zimo kwenye damu yake mwenyewe. Usimlazimishe kubaki na fani iliyogeuka kaburi.

Nilikuwa nimeandaa zote tatu. Mchezaji wa Tumu hakutumia hata moja.

Wiki tatu baada ya jina kufutwa alikuja na daftari lake la vikao. Aliomba kesi mbele ya Mwenye Muhuri, nikamkubalia. Akasoma: kwenye kikao cha sita, Tumu alikufa darajani, na kuhani akamrudisha kabla dakika haijaisha kwa almasi ya vipande 300 vya dhahabu. Je, alikufa? Nikasema ndiyo. Siku ile alikuwa anadaiwa? Akajijibu: ndiyo, alikuwa anadaiwa na wewe mwenyewe, Mwenye Muhuri. Basi jina lake ni jina la mtu aliyekufa na deni. Karani alilichukua usiku wa tarehe 29. Akageuza ukurasa, akanisomea maneno yangu mwenyewe: mvua, mawingu yamefunga mji wote. Mwezi haukuonekana. Kama haukuonekana, tarehe 29 haikuwa mwisho, mwezi ulitimiza siku 30, na jina lilikuwa limeshapatikana kupitia kwake siku moja kabla ya muda kwisha. Tumu hakuvunja kitu. Aliyekusanya kabla ya wakati ndiye aliyevunja.

Ile mvua niliiweka kwa ajili ya madoido tu. Niliomba mapumziko ya chai, nikausoma mkataba mara nne jikoni nikitafuta tundu, sikulipata. Niliporudi nilimpa kalamu aandike jina lake upya.

Jumamosi ijayo naanza kuandika adhabu ya Mwenye Muhuri. Mkataba hausemi chochote kuhusu yeye akishindwa.